Ng'ombe Mmoja kwa Mwezi

Boksburg,
9 Agosti 1998

Kwako Shangazi MaGatyeni,

Nakusalimu kwa jina hilo la ukoo wetu sote wawili, na kupitia kwako naisalimu nyumba yote ya marehemu baba, walio juu ya ardhi na walio chini yake. Sisi hatujambo. Mwanetu Sinalo ametimiza miaka minane, meno mawili ya mbele yamemtoka na anaongea kama kizee kilichong'ata kiko. Kikohozi changu kimepona. Mkweo Mzoxolo anakusalimu sana, anasema makande yako bado anayaota. Huko baridi imepungua? Na yule ng'ombe wangu mwekundu mwenye tumbo jeupe, mguu wake umepona?

Shangazi, mwezi mzima uliopita sikulala, na sasa naandika nikicheka. Unakumbuka nyumba hii tuliichukua kwa mkopo wa benki miaka mitatu iliyopita, randi elfu tisini, tulipe kwa miaka ishirini. Kila mwezi tulikuwa tunatoa elfu moja mia nne na ishirini na nne, bila kukosa. Basi Julai ikaja barua kwamba riba imepanda nchi nzima na sasa tutoe karibu elfu moja mia nane. Mshahara wa muuguzi unaujua. Nilikaa jikoni nikalia.

Mzoxolo akaniangalia tu. "Unalia nini? Hawa ni wakwe kama wakwe wengine. Mkwe haendewi na mwenye deni, anaendewa na washenga."

Nilidhani anatania. Kumbe kweli, kawaita wajomba zake wawili kutoka Mount Frere, wakaja na makoti na kofia, na chupa ya brandi imezungushiwa gazeti. Wakaenda benki asubuhi, wakakaa kwenye viti mpaka wakaitwa. Kwa meneja, Bwana Steenkamp, hawakutaja pesa kwanza. Walimuuliza kwao ni wapi, babu yake aliitwa nani, mvua huko imenyesha vipi. Yule Kaburu alicheka mpaka akafuta macho, lakini chupa aliipokea kwa mikono miwili. Mwisho akasema tuendelee kutoa kile kile cha zamani, tulipe tunachoweza, tutavumiliana.

Tulichinja mbuzi, Shangazi. Wajomba wanasema hawajawahi kuona wakwe wepesi kiasi hicho. Wanasema ninyi, walipokuja kuniposa, mliwaweka nje ya lango mpaka jua likawa utosini.

Mimi mtoto wako,
Lindelwa


Qumbu,
30 Agosti 1998

Mwanangu MaGatyeni,

Barua yako nimeipata kwa mwenye duka. Sisi wazima. Mwekundu anatembea vizuri, mguu ulikuwa mwiba tu. Wenzake wanne, ng'ombe wa mahari yako, wamekonda kwa baridi lakini wamesimama. Mke wa jirani amejifungua pacha na mumewe amekimbilia migodini kabla hata hajawapa majina. Ndiyo wanaume wa siku hizi.

Waambie hao wajomba kwamba niliwaweka nje ya lango kwa sababu walikuja mikono mitupu mara ya kwanza. Nilikulea mimi baada ya mama yako kufa, singekutoa kwa kofia na maneno.

Sasa nataka kukuuliza jambo, unisamehe, mimi shule niliishia darasa la nne. Mumeo aliahidi ng'ombe saba. Akatoa wanne, watatu bado wako kwao mpaka leo. Simsumbui, maana mahari ikiisha yote na ujamaa unapoa. Lakini nikienda leo kuwachukua wale watatu, ni watatu. Kama wamezaa huko kwao, ndama ni wa kwao. Deni la mahari halizai.

Hao wakwe zenu wa benki, kile msichowalipa mwezi huu kinakaa vile vile, au kinazaa? Niulizie kwa huyo aliyepokea brandi.

Msalimie Sinalo. Mwambie meno ayatupe kwa panya, atapata mapya.

Shangazi yako,
Notozamile


Boksburg,
11 Oktoba 1998

Shangazi MaGatyeni,

Salamu nyingi. Samahani kwa kuchelewa, zamu za usiku hospitalini zimekuwa nyingi, naziomba mwenyewe maana zina posho. Sinalo anaendelea vizuri na shule. Meno yameanza kuchomoza. Maua ya jakaranda yamejaa barabarani mpaka unateleza.

Krismasi hatutakuja. Nauli imepanda. Usinikasirikie, mwaka kesho Mungu akipenda. Nguo uliyoniomba nitaituma kwa basi la watu wa Tsolo.

Sina habari nyingine.

Lindelwa


Qumbu,
8 Novemba 1998

MaGatyeni mwenzangu,

Sisi wazima, mvua imeanza, nimepanda mahindi upande wa chini na maboga upande wa juu. Nguo imefika. Imenibana mabegani lakini nitaivaa kanisani hivyo hivyo, wachonge midomo.

Barua yako nimeisoma mara tatu kutafuta salamu za Mzoxolo. Sikuziona. Swali langu la deni pia hukulijibu. Wewe tangu utotoni ukivunja chungu unakuja kunisimulia habari za kuku.

Sikuulizi tena. Mtoto akiwa tayari atasema. Ila ujue kwamba mlango wa nyumba hii hauna kufuli, na ardhi iliyo chini yake haina karatasi ya mtu. Chifu alimpa babu yako kwa mdomo, na mpaka leo hakuna aliyekuja kuuliza.

Kula. Najua huli.

Notozamile


Boksburg,
17 Januari 1999

Shangazi wangu,

Heri ya mwaka mpya. Sinalo amepanda darasa, ana meno makubwa kama ya sungura. Krismasi tulikula kuku wawili peke yetu, tukashiba mpaka tukaona haya.

Kuku nimekwisha kukusimulia. Sasa chungu.

Mzoxolo hayupo. Kiwanda kilimpunguza Agosti, wiki ile ile ya mbuzi. Hakuniambia. Kila asubuhi alivaa ovaroli, akachukua mkebe wa chakula, akaondoka, na mimi nikampungia mkono. Na benki, aliyokuwa akiilipa kwa mshahara wake, hakupeleka hata senti. Lakini kila mwisho wa mwezi alikwenda kumsalimu yule Steenkamp! Anavaa koti, anakaa, anauliza hali ya watoto, anasema bado hajapata, anaaga. Alifanya vile tunavyofanya kwetu, maana mkwe anayekuja kusalimia hafukuzwi. Aliamini hivyo kwa moyo wake wote. Na yule mzungu alimpa chai.

Nilijua Oktoba, barua ya madai iliponikuta mimi mlangoni. Tuligombana. Nikamwambia hata wakwe zake wa kweli hajawamalizia, atamalizia benki? Alikunja nguo zake taratibu, akamfunika Sinalo blanketi, akaenda. Sijui aliko. Neno hilo nalirudia kichwani kila ninaposukuma kitanda cha mgonjwa.

Wiki iliyopita nilikwenda benki mwenyewe, bila kofia ya mtu. Karani ni msichana wa Katlehong, anaitwa Dineo. Aliniletea karatasi za akaunti yetu akasema, "Sista, kaa kwanza."

Swali lako, Shangazi, jibu ni hili. Linazaa. Linazaa usiku na mchana, na ndama wake nao wanazaa wakiwa bado wanyonge.

Ile elfu na mia nne tuliyokuwa tunatoa, tukijivuna kwamba tunanunua nyumba, ilikuwa inakwenda karibu yote kwa riba. Mwezi wa kwanza, kwenye nyumba yenyewe zilikwenda randi thelathini na sita. Miaka mitatu tumetoa zaidi ya elfu hamsini, na deni limepungua chini ya elfu mbili. Kama riba isingepanda hata mara moja, nyumba ya elfu tisini ingetutoa laki tatu na zaidi. Yote hayo yaliandikwa kwenye mkataba. Tuliutia sahihi tukiwa na haraka ya kwenda kuona jikoni. Siku ile niliangalia namba moja tu, ile ya mwezi, nikasema hii tunaiweza. Nani anauliza mahari yote ni kiasi gani wakati bibi harusi amesimama mbele yake?

Na ile huruma ya Steenkamp, ya kutuacha tutoe cha zamani? Hata kama tungekitoa, kisingetosha hata riba. Kilichopungua kingerudishwa kwenye deni, nacho kingeanza kudai riba yake. Tulichinja mbuzi kwa ajili ya hilo.

Jambo moja lilinitoa machozi pale kaunta. Mwishoni mwa Novemba kuna randi elfu saba na mia mbili zimeingia kutoka tawi la Umtata. Ni Mzoxolo, hakuna mwingine. Nadhani ni kiinua mgongo chake cha kiwandani, kasema asikile peke yake. Nimemsamehe nusu. Lakini pesa yenyewe imemezwa, Shangazi. Imeziba ile miezi ambayo hakulipa, basi. Deni liko pale pale lilipokuwa siku ya mbuzi, elfu themanini na nane.

Utasema uza, ondoka. Watu wa mtaa huu wa zamani wanauza wote wanakimbia, na bei imeanguka. Nyumba ya jirani, pacha wa yangu, imekwenda kwa elfu sitini. Nikiuza leo nabaki na deni la karibu elfu thelathini na sina mlango wa kufunga. Nikiacha kulipa wataipiga mnada kwa bei ya kutupa, na kitakachobaki kitanifuata mpaka hospitalini, kwenye mshahara. Dineo alinipa njia moja tu, kurefusha miaka. Nitoe elfu moja mia saba na sitini na saba kila mwezi. Nilimuuliza katika hizo ngapi zinakwenda kwenye nyumba. Alipiga hesabu, akaigeuza mashine nijionee. Randi tatu.

Kila mwezi nanunua nyumba ya thamani ya mkate mmoja.

Nilitia sahihi. Hata kalamu yao imefungwa mnyororo pale mezani.

Nakuomba kitu kimoja, usiguse ng'ombe. Wale ni wa mahari yangu, ndio ushahidi kwamba niliolewa na kwamba nina pa kurudi. Usiwaguse hata ukisikia nini.

Mtoto wako,
Lindelwa


Qumbu,
21 Februari 1999

MaGatyeni, mwanangu,

Salamu za nyumba. Mahindi yamebeba. Pacha wa jirani wamepewa majina na bibi yao. Mimi goti linanisumbua, si kitu.

Nimekaa na barua yako wiki mbili sijui nianzie wapi. Sasa naanza, maana aliyechelewa kusema ukweli safari hii ni mimi.

Ng'ombe walikwisha kuondoka ulipoandika.

Mzoxolo alifika hapa Novemba, siku chache baada ya barua yangu ile. Alisimama nje ya lango, peke yake, bila mshenga, kavua kofia. Mkwe kusimama hivyo kwa wakwe zake, unajua ni aibu gani. Nilimwacha pale mpaka mchana, ndivyo nilivyo. Nilipomfungulia alipiga magoti akasema nyumba yako inachukuliwa, na kwamba wewe usijue. Niliwauza wale wanne kwa mwenye bucha. Elfu moja mia nane kila mmoja. Pesa yote aliipeleka Umtata mbele ya macho yangu, nilipanda naye gari, nikangoja na goti langu hili mpaka karani akagonga muhuri. Kiinua mgongo hakukiona, kiwanda kilifunga milango kikaondoka na haki zao.

Niliyafanya kwa roho safi, lakini tangu nisome hesabu yako sina raha. Ng'ombe wanne, miezi minne. Benki inakula ng'ombe mmoja kila mwezi, na kesho yake inaamka na njaa ile ile. Baba yangu, babu yako, alikuwa tajiri wa kijiji hiki na zizi lake halikupata kufika ng'ombe arobaini. Angeilisha miaka mitatu tu.

Mumeo yuko hapa. Hakutaka nikwambie. Hakuweza kwenda kwao, na hakuweza kurudi kwako, basi nikampa kibanda cha nje. Vijana wanamcheka, mwanamume anayekaa kwa shangazi wa mkewe. Tangu Desemba anachimba mashimo na kusimika nguzo, analijenga upya zizi lote, nguzo nene, waya mpya. Nilimwambia kwa jina la ukoo wake, "Bhele, zizi hilo ni la nani? Ng'ombe amebaki mmoja." Akasema ndiyo, anajua. Akaendelea kuchimba.

Aliyebaki ni mwekundu, na ana mimba.

Sasa nakuamuru, maana mimi ni baba yako niliyevaa gauni. Rudi nyumbani. Waachie matofali yao. Na kama huwezi kurudi, basi niambie siku ya mwisho ya deni hilo, tarehe na mwaka. Katika barua zako zote hujapata kuitaja. Nina miaka sabini na mbili na nataka nijue kama nangoja au ninajidanganya.

Notozamile


Boksburg,
18 Aprili 1999

Shangazi,

Salamu. Sinalo mzima. Pasaka imepita.

Nilipofika pale penye ng'ombe niliikunja barua nikaenda kufua. Nilifua shuka zilizokuwa safi. Kisha nikairudia. Sikulaumu, Shangazi. Najilaumu kwamba miezi ile nilimpungia mtu mkono kila asubuhi na sikumtazama usoni.

Kurudi siwezi. Mshahara wangu ndio unaotulisha, na popote nitakapofanya kazi kama muuguzi, karatasi zao zitanikuta. Ukiacha nyumba, deni haliachi. Nimekwisha kuizunguka nyumba hii kichwani mara mia natafuta mlango, kila mlango unafunguka kwenye chumba kingine cha benki.

Nimeipangisha. Vyumba vitatu nimewapa walimu wawili na fundi wa simu na mkewe, sebule nimempa kijana wa Malawi anayeshona suti. Mimi na Sinalo tumehamia gereji. Tumeweka kitanda, jiko la mafuta na pazia. Jioni napita uani nawaona watu wanapika katika jiko lile nililolikimbilia nikatia sahihi bila kusoma. Nabisha hodi kwangu nikitaka maji ya moto. Wananiita mama mwenye nyumba, na wala hawatanii.

Tarehe uliyoiomba. Ni Julai, mwaka elfu mbili ishirini na tano. Sinalo atakuwa na miaka thelathini na mitano. Sikuiandika kwa sababu nilijua utaihesabu na umri wako.

Mwambie Mzoxolo lile neno lilikuwa la hasira. Mwambie gereji ina nafasi ya watatu, kama hachukii harufu ya mafuta. Simwiti aje kulipa. Namwita aje.

Na mwekundu, Shangazi, nisikilize vizuri. Huyo ndiye ng'ombe pekee duniani ninayeweza kusema ni wangu. Usimuuze. Najijua, itafika siku nitabanwa mpaka nitakuandikia mwenyewe nikuombe umuuze, na nitaandika kwa maneno ya kukutoa machozi. Barua hiyo ikija, ichome. Hata nikikwambia tunatolewa nje, ichome.

Lindelwa


Qumbu,
4 Julai 1999

Mwanangu MaGatyeni,

Baridi imerudi na goti langu linajua kabla ya redio. Mahindi tumevuna magunia sita. Zizi limekwisha. Watu wanapita wanalitazama, hakuna lingine kama hilo mpaka Tsolo, na wale waliocheka wameacha.

Mzoxolo ameondoka leo kwa basi. Atafika kabla ya barua hii, au pamoja nayo. Amebeba gunia moja la mahindi, boga, na pesa aliyolipwa na wale wa shule kwa kuwachimbia mashimo ya uzio. Inatosha mwezi mmoja. Ndiyo, najua, mwezi mmoja. Mpokee hivyo hivyo. Usimweke nje ya lango, hiyo kazi nilikwisha kuifanya mimi.

Tarehe yako nimeihesabu. Nitakuwa na miaka tisini na minane. Nimemwambia mchungaji aniombee, akacheka, nikamwambia sicheki.

Barua yako ya Juni imefika. Ile unayosema walimu wamehama wote wawili, na mtu wa mahakama amebandika karatasi mlangoni, na Sinalo ameuliza kama gereji nayo ni ya benki. Niliisoma mara mbili. Mara ya kwanza niliinuka, nikachukua kamba, nikaenda mpaka zizini, nikamfunga mwekundu shingoni. Nilisimama naye hapo mpaka mikono ikafa ganzi. Kisha nikamfungua, nikarudi ndani, nikaisoma tena, nikaitia motoni kama ulivyoniagiza.

Mwekundu amezaa jana alfajiri. Ni ndama jike, wa rangi ya mamaye, na tayari anasimama. Nimemwita Lindelwa. Hadaiwi na mtu.

Shangazi yako,
Notozamile